Nimelipa renti ya miezi sita, mwenye jengo amefunga duka. Aliyenipangisha naye ni mpangaji

MamaVitenge

Salamu kwenu wote wa Kampala na kwingineko.

Nauza vitenge katika akedi moja (jengo la maduka mengi) huku chini mjini, si mbali na Kikuubo. Jina la jengo nalihifadhi. Duka si langu lote. Kuna kaka mmoja ndiye aliyepanga kwa mwenye jengo, kisha akaligawa: yeye nyuma na mikoba yake, fundi simu mlangoni, na mimi upande wa kulia, ukuta mzima wa kutundikia pamoja na nafasi ya meza. Siku ya kuingia nilimpa 2,700,000, yaani 450,000 mara sita. Tuliandikiana kwenye daftari, akatia sahihi, fundi simu akawa shahidi.

Jumatatu nimefika saa moja asubuhi nikakuta kufuli mbili mpya juu ya ile yetu. Meneja wa jengo ananiambia duka lina deni la miezi minne, 3,200,000. Mimi nina miezi miwili tu humo! Deni lilianza kabla sijazijua hata ngazi za jengo hilo. Kaka mwenyewe hapatikani kwenye simu. Mzigo wangu wote uko ndani, pamoja na vitenge vya sare za harusi ya Jumamosi ambavyo mteja ameshalipia.

Nikimwomba meneja anisikilize anasema, "Wewe sikujui, namjua yule." Sasa naomba kujua: nikate kufuli? Ana haki ya kushika mali yangu kwa deni la mtu mwingine? Na miezi yangu minne iliyobaki nitaidai kwa nani?

BodaKatwe

Pole dada. Kukodi grainda ni pesa kidogo sana, na kufuli za Kichina hazimalizi hata dakika mbili. Nje ya hapo utazungushwa mpaka harusi ipite na bibi harusi azae.

KaraniMstaafu

Mama Vitenge, huyo wa boda usimsikilize. Nimekaa masjala ya mahakama miaka mingi, na kesi za aina hii nilizipokea mpaka nikawa najua ukurasa wa pili umeandikwa nini kabla sijaufungua. Mwenye jengo ndiye anaanza kwa kosa. Kisha mpangaji anavunja kufuli, na kesho yake yeye ndiye yuko kituo cha polisi kwa kuharibu mali. Kosa la landilodi linasahaulika, linabaki la kwako, tena limepigwa picha.

Sheria tuliyo nayo sasa ni ya mwaka 2022, ile ya landilodi na mpangaji. Bunge lilipitisha muswada mara ya kwanza 2019, Rais akaurudisha, ukapita tena 2022 naye akatia sahihi. Ilifuta sheria mbili za zamani, na moja ndiyo inayokuhusu: ile iliyokuwa inaruhusu madalali wenye cheti kuingia kwa mpangaji na kukamata vitu kwa deni la renti. Hiyo imeondoka. Leo landilodi anayedai ana njia ya mahakama. Kumtoa mpangaji bila amri ya mahakama ni kosa la jinai, na kufuli juu ya kufuli ni kumtoa mtu, hata kama hakuna godoro lililotupwa barabarani.

Kwa hiyo swali lako la pili jibu lake ni rahisi: hapana, hana haki ya kushika vitenge vyako.

Swali la tatu ndilo lenye miiba. Kabla sijaligusa nijibu haya. Mkataba wa kaka na mwenye jengo umewahi kuuona? Una karatasi yoyote yenye jina lako iliyotoka mkononi mwa meneja, hata ya choo? Na fundi simu ana muda gani humo?

MamaVitenge

Mkataba wao sijawahi kuuona. Nilipouliza aliniambia "tunaelewana na mzee, usijali."

Karatasi ninazo mbili. Kila mwezi meneja anapita kukusanya pesa ya taka na ulinzi, anaandika risiti. Zimeandikwa jina langu na namba ya duka.

Fundi simu ana zaidi ya miaka miwili. Yeye analipa 400,000. Nimepiga hesabu leo nikakaa chini: mimi 450,000, fundi 400,000, jumla 850,000. Renti ya duka zima kwa mwenye jengo ni 800,000. Yaani kaka alikuwa anakaa bure na kubakiwa na 50,000 ya chai, na bado hakulipa.

JajjaWaMizigo

Mimi naongea kama landilodi, mnivumilie. Nina mizigo (vyumba vya kupangisha) kumi na miwili Kawempe, si akedi, lakini mambo ni yale yale. Umempa mtu mmoja chumba. Baada ya miezi unapita unakuta sura tatu usizozijua, mmoja ameweka jiko la mkaa kwenye korido. Ukiuliza unaambiwa huyu ni binamu. Binamu wa Mbale, mwingine binamu wa Bujumbura. Choo ni kile kile kimoja na bili ya maji imepanda mara mbili.

Halafu siku aliyepanga akitoroka, hawa binamu wote wanakuwa wapangaji wangu wenye haki zao! Nami benki inanidai. Mwenye jengo hakukosea kukasirika.

KaraniMstaafu

Mzee, hasira ni zake na hakuna anayemnyang'anya. Kosa ni kufuli. Angekwenda mahakamani na mkataba wake angempata yule kijana bila jasho.

Mama, sasa nakuja kwako, usome taratibu.

Aliyekupangisha hawezi kukupa zaidi ya alichonacho. Yeye ana haki ya kukaa maadamu mkataba wake na mwenye jengo uko hai, na wewe umening'inia kwenye mkataba huo. Mkataba huo ukikatwa kihalali kwa sababu ya deni, kwa kanuni za sheria ya kawaida tulizorithi kwa Waingereza, wako unaanguka nao, hata kama umelipa mpaka mwaka kesho. Kati yako na mwenye jengo hakuna mkataba. Meneja akisema "sikujui" anasema ukweli wa kisheria, ingawa anausema kwa ufidhuli.

Lakini kuna tofauti ambayo watu wengi hawaijui. Mkataba wa mkubwa (aliyepanga kwa mwenye jengo) ukifa kwa deni, wa mdogo (aliyepanga kwake) unakufa. Mkubwa *akirudisha* funguo kwa hiari, wa mdogo haufi: mwenye jengo anapokea duka na wewe ukiwa ndani, anaingia kwenye viatu vya aliyeondoka. Kwa nini? Kwa sababu watu wawili hawawezi kukaa chini wakapatana kumdhulumu wa tatu. Kwa hiyo ukisikia kaka "amekabidhi duka" kwa amani, andika tarehe, na utafute nani alishuhudia. Neno hilo moja linaweza kuibadilisha kesi nzima.

Nalubega_K

Mnamtisha bure. Uganda mpangaji hafukuzwi, sheria ya ardhi inamlinda. Mimi nyumbani kwetu Mukono tuna kibanja (kipande tunachokaa kwenye ardhi ya mwingine), mwenye mailo, yaani mwenye hati ya ardhi, alijaribu kututoa akashindwa. Unalipa busuulu yako (kodi ya ardhi ya kila mwaka) tu basi.

KaraniMstaafu

Dada, hayo ni mambo mawili yanayofanana jina. Mwenye kibanja analindwa na Sheria ya Ardhi ya 1998 na marekebisho yake ya 2010: hatolewi ila kwa amri ya mahakama kwa kutolipa busuulu, na busuulu yenyewe ni pesa ndogo iliyopangwa na serikali. Mpangaji wa duka au muzigo hayumo humo. Redio inaita wote "tenant", na mtu anakwenda kwa hakimu akiwa amebeba sheria ya jirani.

Papa_Nsambya

Mama pole sana. Miye niko Mukongomani, ninaishi hapa Nsambya tangu miaka saba. Sisi wakimbizi karibu wote tunaingia kwa mkono wa pili, kwa sababu landilodi anaona majina yetu anaogopa, ao anaongeza bei. Kwa hiyo ndugu mmoja anapanga, wengine tunakaa nyuma yake. Ile ndugu akipata nafasi ya kwenda Canada, asubuhi tunaamka atuna nyumba. Ilinifikia 2023. Tangu pale nikisha kulipa, ninamtumia landilodi mwenyewe mesaji: "Mzee, mwezi huu nimelipa kupitia fulani." Hata asipojibu, simu inabakisha alama.

KaraniMstaafu

Papa, hiyo mesaji yako ina thamani kuliko unavyodhani. Sheria ya 2022 inakubali mkataba wa mdomo, wa maandishi, hata wa ujumbe wa simu. Ila ukifikia thamani ya pointi 25, na pointi moja ni shilingi 20,000, ndiyo kusema 500,000, lazima uwe wa maandishi au ujumbe wa kielektroniki. Milioni mbili na laki saba za Mama Vitenge zimevuka hapo mbali. Bahati yake ana daftari.

Daftari hilo usilichane ukurasa. Peleka lote. Na likitakiwa mahakamani mtaulizwa ushuru wa stempu. Karatasi isiyolipiwa haipokelewi kama ushahidi mpaka ilipiwe na faini yake. Ni jambo la kurekebishika, usikate tamaa karani akikurudisha dirishani.

MwanaSheriaGizani

Naingia kidogo, nasoma sheria mwaka wa nne. Kabla ya yote lazima tuulize: Mama Vitenge ni mpangaji kweli, au amepewa ruhusa tu ya kutumia sehemu? Mabwana wa Uingereza (House of Lords, mahakama yao ya juu wakati huo) mwaka 1985, kesi ya Street v Mountford, walisema upangaji unajulikana kwa kumiliki sehemu yako peke yako, kwa muda maalumu, kwa malipo. Haijalishi karatasi imeuita nini. Sasa mtu mwenye ukuta na meza ndani ya duka la mwingine, funguo anayo kaka, kaka anapita hapo kwenda nyuma... Hakimu anaweza kusema huyu hakupanga, alikaribishwa kwa malipo.

KaraniMstaafu

Kijana amenipiku, hilo nilitaka kulipitia pembeni. Mama, funguo ulikuwa nayo?

MamaVitenge

Ninayo mpaka sasa. Mimi ndiye nafungua asubuhi, kaka huja saa nne.

MwanaSheriaGizani

Hiyo inasaidia. Haimalizi, lakini inasaidia.

Kwa fundi simu hali ni nzuri zaidi, na sijui kama anajua. Kupangisha bila idhini ya mwenye jengo ni kuvunja mkataba, sawa. Lakini mwenye jengo akijua mkataba umevunjwa hivyo na bado akaendelea kupokea renti, amesamehe kosa hilo. Fundi amekaa mlangoni zaidi ya miaka miwili, meneja anapita mbele yake kila mwezi na kitabu cha risiti, na kwa muda mwingi wa miaka hiyo renti ya duka ilikuwa inapokelewa. Hawezi leo kusema "sikujua kuna mtu."

Kwako Mama haiendi hivyo. Umeingia deni likiwa limeanza. Tangu uingie hajapokea renti hata shilingi ya duka hilo, kwa hiyo hakuna alichosamehe. Risiti zako za taka zinathibitisha kwamba alijua upo, basi. Tena kumbukeni msamaha huo ni wa kosa la kupangisha tu. Deni la miezi minne ni kosa lingine na halijasamehewa na mtu.

BodaKatwe

Sasa mnamsaidia au mnamzika? Harusi ni Jumamosi.

KaraniMstaafu

Umesema kweli, tuache darasa.

Mama, kesho asubuhi fanya hivi. Piga picha kufuli, piga na mlango wote namba ionekane. Orodhesha mali yako yote, na picha za zamani za duka likiwa wazi, hata zile za kuwatumia wateja kwenye WhatsApp. Nenda kwa chemani wa LC (serikali ya mtaa) akupe barua kwamba unajulikana hapo. Kituo cha polisi watakuambia ni kesi ya madai. Waambie hukuja kushtaki deni, umekuja kuandikisha kwamba mali yako imefungiwa bila amri ya mahakama. Chukua namba ya kumbukumbu.

Ukiwa na hizo, wakili wa bei nafuu, au mradi wa msaada wa kisheria wa Chama cha Mawakili cha Uganda ukikubaliwa, ataandika barua moja kwa mwenye jengo mwenyewe. Siyo kwa meneja. Meneja analipwa kutokujua. Barua iseme mambo mawili tu: mali ni yangu na naitaka, kufuli ni kosa la jinai. Msigombane humo juu ya nani mpangaji halali. Nimeona watu wakikosa mali kwa sababu walitaka washinde na hoja.

Barua ikipuuzwa ndipo mahakama, kuomba zuio la muda. Hakimu daraja la kwanza husikiliza madai mpaka milioni 20, Hakimu Mkuu mpaka 50, kwa hiyo hufiki Mahakama Kuu.

JajjaWaMizigo

Niongeze la upande wetu, labda litasaidia. Mwenye jengo haogopi hakimu kama anavyoogopa duka tupu. Miezi minne bila renti, akifukuza wote watatu anaanza kutafuta mpangaji mpya, kupaka rangi, dalali naye anataka chake. Nenda kwake na mkono wenye kitu. Si pesa ya deni, hilo usiliguse hata kidole. Nenda umwambie: mimi na fundi tuko tayari kuanzia leo kukulipa wewe.

Na kwa nini landilodi wengi hatutoi barua ya idhini? Nitasema ukweli. Karatasi ina maneno mengi. Mtu binafsi anatozwa kodi 12% ya pango lote linalozidi 2,820,000 kwa mwaka, hakuna kutoa gharama. Kila karatasi unayoandika siku moja inaweza kusomwa na mtu wa URA, mamlaka ya kodi. Ndiyo maana mnasikia "tunaelewana."

Kisenyi_Tena

Hapo mzee amefungua kinywa. Sasa na ile pesa ya kilemba? Wengine wanaita gudwili. Mimi nilimpa aliyenitangulia milioni tano ndiyo akaniachia duka. Mwenye jengo anasema haimhusu.

KaraniMstaafu

Na kweli haimhusu, kama hukumpa yeye. Ulinunua mgongo wa mtu kuondoka. Fungua uzi wako, hapa tutapotea.

MamaVitenge

Nimerudi, ni Alhamisi usiku.

Barua ilimfikia mwenye jengo jana saa tano. Sikuwa nimewahi kumwona. Mzee wa makamo, mpole kuliko meneja wake. Alisoma ile mistari miwili, akaniuliza nani ameniandikia, nikamwambia wakili. Akauliza kama nimekwenda polisi, nikampa namba. Akamwita meneja tukiwa tumekaa hapo hapo. Leo asubuhi kufuli zimefunguliwa mbele ya chemani, nimetoa vitenge vyote, nimehesabu, nimetia sahihi kwamba nimepokea. Fundi simu naye alitoa simu za watu, alikuwa amekonda.

Amesema tunaweza kurudi Jumatatu mimi na fundi, kila mmoja na mkataba wake, 400,000 kila mmoja. Yaani nimepunguziwa 50,000! Lakini anataka nisaini karatasi kwamba ninakubali sehemu ya deni, "nusu tu." Nimemwambia nitafikiri.

KaraniMstaafu

Usisaini.

MwanaSheriaGizani

Usisaini. Leo huna deni naye kwa sababu huna mkataba naye. Ukisaini hiyo, unaununua mkataba ulioharibika wa mtu mwingine. Mwambie mkataba mpya uanze tarehe mpya, uandikwe ndani yake kwamba madeni ya kabla ya tarehe hiyo ni ya aliyepanga zamani. Na kaka akijitokeza akisema renti ni yake, usilipe mara mbili: kuna utaratibu mahakamani wa kuweka pesa mezani ukamwachia hakimu aamue kati ya wawili nani mwenyewe.

JajjaWaMizigo

Atakubali. Ameomba nusu ili ukikataa ashuke hadi robo, na ukikataa robo aache kabisa. Mimi ningefanya hivyo hivyo.

MamaVitenge

Na 1,800,000 yangu ya miezi minne?

KaraniMstaafu

Hiyo unamdai kaka, na hapo umesimama imara. Ulilipa miezi sita, umekaa miwili, ameshindwa kukupa minne. Fungua kesi ya madai madogo: inasikiliza mpaka milioni 10, huhitaji wakili, fomu unajaza mwenyewe kwa daftari lako na shahidi wako fundi. Kinachohitajika ni kumpata umpe barua ya madai. Mikoba yake iko wapi?

MamaVitenge

Bado iko nyuma ya duka. Mwenye jengo amesema hatoi mpaka alipwe.

KaraniMstaafu

Na yeye tena! Mweleze huyo mzee kwamba yale yale yaliyoandikwa kwenye barua yako yanamhusu na kwa mikoba.

Ila kaka ataifuata mikoba, msimu wa shule unakuja. Uwe na barua ya madai mkobani kila siku, nakala mbili, akifika umkabidhi moja na kwenye ya pili atie sahihi, fundi aangalie.

MamaVitenge

Sawa mzee. Nimechapisha nakala tatu, moja nimempa fundi, kwa sababu yeye ndiye anakaa mlangoni.